Klabu Iliyokufa Bila Kuacha Jina

Chukua historia ya Ayub Timbe Masika uisome polepole. Winga wa Harambee Stars, yule mwenye mbio, tuliyemtazama kule Misri kwa AFCON ya 2019. Alizaliwa Nairobi 1992, akakulia Ubelgiji, akachezea Genk, halafu Lierse, halafu Beijing Renhe ya China, halafu akaenda Reading ya Uingereza kwa mkopo.

Sasa hesabu na mimi. Lierse ilifilisika 2018. Beijing Renhe haipo tena. Reading nayo ilifika mlangoni pa kaburi ikarudishwa na kelele za mashabiki wake. Si ati Timbe ana mkosi, hapana. Jamaa alipita tu katika soka kipindi kile ambacho watu wenye pesa walikuwa wananunua timu vile sisi tunanunua bando: unatumia, ikiisha unasahau.

Leo nataka tuongee kuhusu hiyo ya katikati, Beijing Renhe. Wengi wenu mnaijua kama jina tu lililoandikwa kando ya jina la Timbe kwenye kikosi cha Stars. Ilidumu misimu mitano. Mitatu kati ya hiyo ilikuwa daraja la pili. Kikombe ilichoacha Beijing ni sufuri. Lakini stori yake ni kali kuliko za timu nyingi kubwa, kwa sababu hiyo Beijing haikuwa kwao. Ilikuwa mji wa nne.

Tuanze mwanzo. 1995, Shanghai. Inaundwa timu inaitwa Shanghai Pudong, kwa jina la ule upande wa mashariki wa mto ambao ndio ulikuwa unaanza kuota maghorofa. Timu inapanda, inabadilisha wenyewe, inabadilisha majina. Kampuni kubwa ya meli, COSCO, inaingia, na jina la COSCO linaingia kwa timu. Baadaye inakuwa Shanghai International. 2003 wanakosa ubingwa wa nchi kwa alama moja, nyuma ya majirani zao Shanghai Shenhua. Halafu, miaka kumi baadaye, Shenhua wananyang'anywa ubingwa huo kwa sababu ya upangaji wa mechi, na hakuna aliyepewa. Kombe likabaki hewani. Na hata wangeamua kulipeleka kwa aliyekuwa wa pili, wangelipeleka wapi? Kufikia wakati huo timu ilikuwa imehama Shanghai, na huko ilikohamia pia ilikuwa imeshahama.

2006 waliingia Xi'an, mji wa kale sana katika mkoa wa Shaanxi, ule wenye wanajeshi wa udongo waliozikwa na mfalme. Umbali kutoka Shanghai ni zaidi ya kilomita elfu moja. Timu ikapewa jina la Chanba, linalotokana na mito miwili ya huko, Chan na Ba. Na hapa ndipo mambo yalianza kuwa matamu. Watu wa Xi'an hawakuuliza timu imetoka wapi. Waliichukua. Uwanja ulijaa, mashabiki wa Shaanxi wakawa na sifa China nzima ya kuwa na kelele na roho. Kwa misimu sita, mji ulikuwa na timu na timu ilikuwa na mji.

Halafu 2010 ikaja Renhe.

Lazima nieleze hii kampuni kidogo, kwa sababu biashara yao ndiyo inafungua stori yote. Renhe ilianzia Harbin, kaskazini kabisa mwa China, kule baridi inakata. Walichofanya ni kuchukua mahandaki ya kujikinga na mabomu, yale ya kulinda raia vita ikitokea, na kuyageuza kuwa maduka. Soko zima la nguo chini ya barabara. Juu magari yanapita, chini watu wanabishana bei ya jaketi. Akili, ukweli usemwe. 2008 wakaingia soko la hisa la Hong Kong. Mwenyekiti alikuwa Dai Yongge, na dadake, Dai Xiuli, ndiye aliyekuwa na hisa nyingi. Hayo majina mawili yashike, tutayarudia.

Sasa fikiria kidogo. Kama biashara yako ni kuchimba maduka chini ya barabara za miji ya watu, unahitaji nini kuliko kitu kingine chochote? Unahitaji serikali ya huo mji ikupende. Kibali, ardhi, handaki, vyote viko mikononi mwa wakubwa wa mji. Na ni zawadi gani nzuri kwa mkubwa wa mji kuliko timu ya ligi kuu inayotokea kwenye televisheni kila wikendi na jina la mkoa wake kifuani? Haya ni maoni yangu, lakini ukiangalia vile hii timu ilivyozungushwa, ni ngumu kupata maelezo mengine. Mpira haukuwa bidhaa. Mpira ulikuwa salamu ya kubisha hodi.

Na kwa nini hii ni muhimu? Kwa sababu salamu ya kubisha hodi haina haja ya kukaa. Ukishafunguliwa, au ukikataliwa, unaenda kwa mlango mwingine.

Kabla ya msimu wa 2012 timu ikang'olewa Xi'an ikapelekwa Guiyang, mji mkuu wa mkoa wa Guizhou, kusini magharibi. Ni nchi ya milima na mvua, na nyumbani kwa Moutai, ile pombe kali ambayo viongozi wa China huwawekea wageni mezani. Moutai wakaja kama wadhamini. Timu sasa ikaitwa Guizhou Renhe.

Jaribu kukaa upande wa shabiki wa Xi'an hapo. Umeimba miaka sita. Umenunua jezi. Mtoto wako amezaliwa akikuta hii timu. Halafu unaambiwa timu imeenda, na haijaenda kwa sababu imeshuka daraja au imefilisika, la. Bado iko ligi kuu. Imeenda tu. Ni kama mtu aamke akute nyumba yake imehamishwa na watu wakiwa ndani, yeye ameachwa kwenye kiwanja.

Na kinachouma zaidi ni kwamba huko Guiyang walifaulu. 2013 walishinda Kombe la FA la China, wakiwapiga Guangzhou Evergrande 3-2 kwa jumla ya mechi mbili. Hiyo Evergrande si timu ya mchezo. Mwaka huohuo ndio walikuwa mabingwa wa Asia, chini ya Marcello Lippi, yule aliyeipa Italia Kombe la Dunia 2006. Mwanzo wa 2014 Renhe wakawapiga tena 1-0 kwenye mechi ya kufungua msimu. Walikuwa na Zvjezdan Misimović, kiungo Mbosnia aliyewahi kuchukua ubingwa wa Ujerumani na Wolfsburg. Walicheza Ligi ya Mabingwa ya Asia. Kwa mkoa uliokuwa miongoni mwa mikoa maskini zaidi China, hii ilikuwa sherehe.

2015 wakashuka daraja. Unajua kilichofuata.

Beijing. Msimu wa 2016, daraja la pili, uwanja wa Fengtai. Jina jipya: Beijing Renhe. Na hapa tofauti na Xi'an na tofauti na Guiyang, hakukuwa na watu wanaowangoja. Beijing tayari ina Guoan, na Guoan ni dini. Renhe waliingia mji wa watu zaidi ya milioni 20 wakiwa kama mgeni aliyefika kwa harusi asiyojua ni ya nani.

Kisoka walijikaza. Chini ya kocha Mhispania, Luis García Plaza, walimaliza wa pili 2017 nyuma ya Dalian Yifang wakapanda ligi kuu. Huu ndio msimu ambao Timbe wetu alifika. 2018 wakamaliza nafasi ya nane, si mbaya kwa timu iliyotoka chini. 2019 wakaburura mkia, wa mwisho kabisa, wakashuka. 2020 wakashuka tena kutoka daraja la pili. 2021 haikuonekana uwanjani. Hivyo tu. Hakuna mechi ya kuaga, hakuna machozi kwenye televisheni. Miaka 26 tangu Shanghai Pudong, ikazimika kama taa ya chumba kisicho na mtu.

Pembeni hapo kuna kitu ambacho sisi Wakenya tunafaa kukijua. Renhe walipoondoka Guiyang, walibakisha timu nyingine ndogo mjini, Guizhou Zhicheng. Mwaka 2016 hiyo ndogo ikapanda ligi kuu. Na 2017 ikamnunua nani? Michael Olunga. Naam, Engineer mwenyewe. Kwa hivyo msimu ule tulikuwa na washambuliaji wawili wa Stars China: mmoja kwenye timu iliyoikimbia Guiyang, mwingine kwenye timu iliyobaki Guiyang.

Olunga hakukaa. China walibadilisha sheria ghafla mwanzoni mwa 2017, wakapunguza idadi ya wageni wanaoruhusiwa kucheza kwa mechi, na kufikia Agosti alikuwa Girona ya Uhispania kwa mkopo. Januari 2018 akafunga mabao matatu dhidi ya Las Palmas, tukalala usiku huo tukiwa Wahispania. Timu yake ya Guiyang ikachukua jina la Hengfeng, kampuni ya majumba, ikashuka daraja 2018, ikafa 2022. Guiyang imezika timu mbili za ligi kuu bila kutimiza miaka kumi, na katika zote mbili jina lililokuwa kwenye bango lilikuwa la mwenye pesa.

Usifikirie Renhe na Hengfeng walikuwa wabaya peke yao. Enzi ile ndiyo ilikuwa hivyo. 2015 serikali ya China ilitoa mpango mkubwa wa kurekebisha soka, Rais Xi Jinping anajulikana kupenda mpira, na ghafla kila kampuni ya majumba ikataka timu. Hulk, Oscar, Tevez, wote mnawakumbuka wakipanda ndege. Halafu soko la majumba likaanza kuyumba, korona ikaja, na 2020 peke yake vilabu zaidi ya 10 vikaondolewa kwenye madaraja matatu ya juu, sababu kubwa ikiwa mishahara isiyolipwa. Jiangsu Suning walichukua ubingwa wa nchi Novemba 2020. Februari 2021 wakasimamisha shughuli. Bingwa mtetezi, manze, akafunga duka kabla ya kutetea.

Hapo katikati, Desemba 2020, shirikisho la soka la China likasema basi: kuanzia msimu ujao hakuna klabu kubeba jina la kampuni. Renhe haikupata hata nafasi ya kubadilisha jina, ilikuwa tayari inatoka mlangoni.

Watu wengi walisema hiyo sheria ni sawa kabisa, na mimi nakubali nusu. Nusu nyingine, sikubali, na sababu yangu ni Guoan. Kwa sababu Guoan pia ni jina la kampuni. Lilibandikwa kwenye timu ya Beijing 1992. Lakini watu wa Beijing wameliimba miaka karibu 30 hadi kampuni yenyewe ikafifia nyuma, ukisema Guoan mtu anaona jezi ya kijani tu. Sheria ilipokuja, mashabiki walipiga kelele wabakishiwe jina, na wakabakishiwa. Kwa hivyo tatizo si jina la kampuni. Jina la kampuni likikaa sehemu moja vya kutosha, watu wanalinyakua linakuwa lao. Tatizo ni kwamba Renhe haikumpa mtu yeyote muda wa kulinyakua. Misimu minne Guiyang. Mitano Beijing. Kila mtoto aliyeanza kuipenda akiwa darasa la kwanza, aliachwa kabla hajamaliza shule ya msingi.

Na kejeli ya mwisho iko kwenye maneno yenyewe. Renhe ni silabi mbili za Kichina: ren, watu, na he, mapatano. Watu wanaoelewana. Sina la kuongeza.

Linganisha na Lierse, ile timu nyingine ya Timbe. Ilianzishwa 1906, mabingwa wa Ubelgiji mara nne, mwenyewe akiwa tajiri kutoka Misri, ikafilisika 2018. Kifo cha pesa vilevile. Lakini Lier ni mji, na jina Lierse maana yake ni la watu wa Lier. Kwa hivyo timu nyingine ndogo ya karibu ikahamia uwanja ule, ikachukua rangi ya manjano na nyeusi, ikajiita Lierse Kempenzonen, na watu wakarudi kwa viti vyao. Unaweza kubishana kama ni timu ileile au siyo. Lakini kulikuwa na kitu cha kuokota. Beijing, ukitaka kuifufua Renhe, utaokota nini? Jina ni la kampuni ya watu, kikombe ni cha Guizhou, nyimbo ziko Xi'an na ile nafasi ya pili ya 2003 iko Shanghai.

Turudi kwa ndugu na dada yake, kwa sababu hawakuishia China. Familia ya Dai ilikuwa pia na KSV Roeselare ya Ubelgiji. Ilifilisika 2020. Na Mei 2017 walinunua Reading, klabu ya tangu 1871, mwezi uleule Reading walipokosa kupanda EPL kwa penalti dhidi ya Huddersfield. Sasa unaelewa ni vipi winga wa Kenya aliyekuwa Beijing Renhe, timu iliyotoka kushuka daraja, alijikuta Reading Januari 2020. Haikuwa bahati. Ilikuwa ni kuhamisha mali kutoka chumba hiki kwenda kile. Timbe alicheza mechi chache, korona ikafunga dunia, na mambo yakaishia hapo.

Reading waliobaki ndio walioonja kile Xi'an na Guiyang walionja. Chini ya Dai Yongge walikatwa alama 18 kwa jumla, kwa matumizi kupita kiasi, kodi kuchelewa na mishahara kuchelewa. 2023 wakashuka hadi daraja la tatu. Timu ya wanawake ikaondolewa kwenye ligi yake ya kulipwa 2024. Lakini Reading walikuwa na silaha ambayo mashabiki wa Guiyang hawakuwa nayo: walikuwa na jina la mji wao, na walikuwa na uhuru wa kupiga kelele. Walirusha mipira ya tenisi uwanjani. Waliandamana. Januari 2024 waliingia uwanjani wakakaa hadi mechi dhidi ya Port Vale ikavunjwa. Waliomba bunge liwasikie. Mei 2025 klabu ikauzwa kwa Mmarekani, Rob Couhig, na Dai akaondoka.

Mwandishi wa michezo wa Uingereza angekuambia hiyo ni stori ya mmiliki mbaya wa Reading. Mimi naona ni mji wa tano kwenye orodha ileile, na wa kwanza uliofanikiwa kumfukuza mpangaji badala ya kuachwa na yeye.

Na Xi'an? Nimewaacha mwisho kwa sababu ndio ninaowapenda. Baada ya Renhe kuondoka walikaa miaka bila timu ya maana. 2016 ikaundwa nyingine, Shaanxi Chang'an Athletic, ikaanza kutoka chini, ikapanda hadi daraja la pili, watu wakajaa tena. 2023 ikafa kwa madeni. Mwaka huohuo wakaunda nyingine, wakaanza tena ngazi za chini, na kufikia 2025 ilikuwa daraja la pili. Inaitwa Shaanxi Union. Mkoa, na muungano. Hakuna duka la chini ya ardhi, hakuna pombe, hakuna majumba kwenye hilo jina.